Anwani ya Mzee Klachi

Siku ya tatu baada ya wazazi wangu kuhamia kwangu, mama alimfungia baba nje, na sababu aliyoitoa ilikuwa ya kisheria. Alisema leseni yake ya udereva inaonyesha kwamba anaishi mahali pengine.

Najua unavyofikiri. Unafikiri waligombana. Thubutu! Hao watu wameoana miaka arobaini na minne, na ugomvi wao mkubwa ninaoukumbuka ulihusu kofia. Ngoja nikueleze taratibu, maana mambo haya ukiyashika katikati utamwona mama yangu mkorofi na baba yangu zuzu, na mimi hayo sitaki kuyasikia.

Mama alikuwa karani wa ofisi ya leseni. Dirisha la tatu, miaka thelathini na moja. Kama uliwahi kupeleka fomu pale ikarudishwa, ukamtukana karani kimoyomoyo, basi uliyemtukana ni mama yangu, na alijua, na wala hakujali. Alikuwa hana dogo. Jina la kati limekosekana, rudi. Picha umecheka meno yote nje, rudi. Leseni za kughushi alizikamata kwa ukucha wa kidole gumba. Anaupitisha juu ya maandishi, anaigeuza kadi kwenye mwanga, halafu anakutazama tu mpaka unaanza kukiri mwenyewe.

Baba alikuwa mwalimu wa udereva. Mji mzima unamwita Mzee Klachi, kwa sababu hilo ndilo neno lililomtoka mdomoni kuliko mengine yote. "Klachi, mwanangu, klachi, klachi, nimesema klachi!" Walikutana dirishani. Baba alipeleka fomu yake ya leseni ya ualimu, na penye nafasi ya anwani akaandika: nyumba ya kijani nyuma ya karakana, ukifika uliza kwa fundi viatu. Mama akaisoma yote, akairudisha chini ya kioo.

"Hii siyo anwani," akamwambia. "Hii ni hadithi."

Baba anasema alirudi pale mara nne kwa fomu ileile, na mara mbili za mwisho alikosea makusudi.

Walipooana, wiki ya kwanza, kabla hata hawajatundika pazia, mama aliichukua leseni ya baba, akaenda nayo kazini, akambadilishia anwani. Nyumba namba kumi na saba, Mtaa wa Karakana. Sheria inatoa siku thelathini, yeye alimaliza kwa siku tano. Hilo baba amelisimulia kwenye kila harusi aliyowahi kupewa nafasi ya kusema neno. "Huyu mwanamke hajawahi kuniambia kwamba ananipenda," husema. "Alinibadilishia anwani." Watu hucheka, na mama hutazama sahani yake.

Sasa basi. Miaka mitatu iliyopita kumbukumbu za mama zilianza kumponyoka. Kwanza funguo, halafu majina ya majirani, halafu mimi. Asubuhi anakuwa mzuri, anamwita baba Klachi, anamtania mashati yake. Lakini jua likishapita utosini, mama anarudi kazini. Anavuta kiti mpaka mlangoni, anaweka daftari mapajani na kalamu nyekundu sikioni, na haingii mtu pasipo kuonyesha leseni. Kule namba kumi na saba walimzoea. Fundi bomba alionyesha leseni. Mchungaji alionyesha leseni, na ilikuwa imekwisha muda, akarudishwa.

Baba alikuwa anatoka asubuhi kwenda shule ya udereva, ambako bado anafundisha alama za barabarani kwa ubao na magari ya plastiki. Saa saba mchana anarudi, anasimama mlangoni, anavua kofia, anatoa leseni. Mama anasoma anwani kwa sauti. Anainua macho, anaangalia namba iliyo juu ya mlango. Zinalingana. "Pita," anasema. "Ahsante, karani," baba anajibu, na anapita kwake. Miaka miwili waliishi hivyo, na nakuambia walikuwa na raha yao.

Kilichowahamisha ni ngazi. Namba kumi na saba ina vipandio tisa hadi mlangoni, na mama aliteleza kwenye cha nne akavunjika mkono. Nikasema basi, imetosha, mnakuja kwangu. Kwangu ni vyumba viwili na sebule, chini kabisa, hakuna ngazi, mlango mmoja tu. Mimi ni fundi cherehani, nashona sare za shule. Cherehani iko dirishani, vitambaa viko kwenye kochi, pini ziko kila mahali, ukikaa ukae kwa uangalifu. Namba nne, Mtaa wa Shule.

Siku mbili za kwanza baba hakutoka, alikuwa anafungua maboksi. Siku ya tatu alitoka, na saa saba alirudi, akavua kofia, akatoa leseni.

Mama akasoma. "Namba kumi na saba, Mtaa wa Karakana." Akatoa kichwa nje, akaangalia juu ya mlango. Akaangalia tena. "Hapa ni namba nne, bwana."

"Ni kweli, karani, lakini tumehama."

"Nani amehama?"

"Sisi."

"Wewe na nani?" Akamrudishia leseni yake, akafunga mlango, akaweka komeo.

Mimi nilikuwa nimesimama nyuma yake na futikamba shingoni. Mimi hanidai leseni, mimi ananiita karani mpya, na ananiona mvivu. Nikafanya ujinga. Nina haraka, ndivyo nilivyozaliwa. Nilimsogeza mama na kiti chake, nikatoa komeo, nikamwingiza baba ndani. Lo! Mama alipiga yowe ambalo sijawahi kulisikia kwake. "Kuna mtu ndani! Kuna mtu ndani!" Alikimbilia pembeni ya kabati, akajikunyata, mkono wenye bandeji ameukumbatia kifuani. Alikuwa anatetemeka kwa kumwogopa mume wake.

Baba alirudi nyuma hatua moja moja, mikono juu ili aone kwamba haina kitu, mpaka akafika nje. Akaufunga mlango mwenyewe.

"Usirudie tena, mama," aliniambia kupitia dirishani. Baba huniita mama anapokuwa na huzuni. "Nitakaa hapa. Akilala nitaingia."

Mama hulala saa kumi na moja. Kwa hiyo tangu siku hiyo, kuanzia saa saba mpaka saa kumi na moja, Mzee Klachi, aliyefundisha nusu ya mji huu kuendesha gari, alikaa kwenye kigoda kando ya bomba la maji. Nilimpitishia chakula dirishani. Mama mwenye nyumba, anayekaa juu yetu, alimuuliza kama wamenuniana. "Hapana," akasema, "namngoja karani." Siku ya kumi na moja ilinyesha mvua akajibanza ukutani na mfuko wa plastiki kichwani, na mimi huku ndani nashona kola za watoto wa watu machozi yananitoka. Nilimuuliza kwa nini haendi tu ofisini kubadilisha anwani, jambo la nusu saa.

"Nikibadilisha, itakuwa tumehama kweli," akasema.

"Baba, mmehama kweli. Kule kuna wapangaji wengine."

"Najua. Napita pale kila siku. Wameweka mapazia ya maua." Akavuta kofia. "Ile anwani alinipa yeye, mwanangu. Siyo ya serikali ile."

Nikamwona mkaidi. Na mimi mkaidi nikimwona napata dawa yake, hata kama hakuna aliyeniomba. Nilienda steshenari, pale wanapotoa nakala na kadi za harusi, nikachapisha kistika chembamba chenye anwani mpya, herufi zilezile, ukubwa uleule. Usiku? Hapana, mchana kweupe, mezani kwangu, kwa mkasi wangu mdogo wa kukatia nyuzi, nikakibandika juu ya leseni ya baba. Kazi safi. Nilijisifu. Hebu fikiria: natengeneza leseni ya kughushi nimpelekee mwanamke aliyezikamata kwa miaka thelathini na moja!

Baba hakutaka. Nilimbembeleza, nikamlazimisha, nikamwambia namwonea huruma mama. Hilo ndilo lililomlegeza.

Mama alipokea kadi. Akasoma: "Namba nne, Mtaa wa Shule." Akaangalia juu ya mlango. Kisha ukucha wa kidole gumba ukaenda kwenye maandishi wenyewe, bila kuagizwa. Krr. Kona ya kistika ikainuka. Mama akamtazama baba. Sisi wawili tukatazama chini.

"Mzima wewe?" akasema, taratibu, karibu kwa masikitiko. "Mtu mwenye mvi zako."

Akafungua daftari, akaandika tarehe, namba ya leseni na kosa. Leseni akaitia kwenye mkebe wa biskuti, mkebe akauweka chini ya kiti, akakikalia. Komeo.

Sasa hata hiyo leseni hatunayo. Nilikosa pa kuuficha uso wangu. Nikamwambia baba nitauchukua mkebe mama akilala, akakataa. Alisema leseni imekamatwa kihalali. Akaniomba karatasi ya mistari, akakaa kwenye kigoda, akaandika barua. Niliisoma baadaye, ninayo mpaka leo kwenye droo ya vifungo.

"Kwa Karani, Dirisha la Tatu. Mimi mwenye leseni iliyokamatwa nakiri kosa. Kile kistika nilikibandika mimi mwenyewe, mtu mwingine asilaumiwe. Nilifanya hivyo kwa sababu nilitaka kuingia ndani, alimo mke wangu. Naomba nirudishiwe leseni, nami naahidi kufuata utaratibu."

Unaona alivyonifichia? Mtu mwingine asilaumiwe. Na mimi nilikuwa nimesimama palepale dirishani nikila uzi.

Mama aliisoma barua mara mbili. Akachukua kalamu nyekundu sikioni, akapiga mstari chini ya maneno "mke wangu", na pembeni akaandika: Jina la mke halikutajwa. Rudia. Akaipitisha chini ya mlango. Nilitaka kucheka, nilitaka kulia, nikashindwa kuchagua.

Baba akaandika upya. Safari hii aliweka majina yote matatu ya mama, lile la kwake, la baba yake na la babu yake, kwa mwandiko wa kupendeza anaoutumia ubaoni. Mama akaipokea. Alipofika kwenye majina akasimama. Akaweka kidole juu yake, akayafuata herufi moja moja.

"Huyu namjua," akasema.

Nje niliona kofia ya baba imetulia tuli.

"Anafanya kazi kwetu," mama akaongeza. Akageuza ukurasa wa daftari, akaandika kwa muda, akagonga ukurasa kwa ngumi kana kwamba ana muhuri. Akafungua mkebe, akakibandua kistika chote, akaipangusa leseni kwa upindo wa gauni lake. Akafungua mlango kidogo, kiasi cha mkono. "Umesamehewa mara hii. Siku saba. Uende ofisini ubadilishe anwani kihalali, la sivyo naipeleka mbele."

"Siku saba, karani," baba akasema.

Na hapo ndipo ilipokuwa shida, maana mama husahau kila kitu isipokuwa kile kilichoandikwa. Kila asubuhi akiamka hufungua daftari na kusoma ya jana, na anayoyasoma huyaamini. Siku saba ilikuwa siku saba. Zikipita, mlango ule usingefunguka kwa barua nyingine yoyote, na baba angezeekea bombani.

Kesho yake tukaenda. Mama mwenye nyumba alikaa na mama. Hakuwa na leseni, akaandikishwa kwenye daftari kama mgeni na kupewa kiti cha pini. Ofisi ni ileile, ila kioo wamebadilisha na benchi ni za chuma. Dirisha la tatu alikuwa dada mmoja mwenye miwani ya kamba, mpole, lakini mpole wa kanuni.

"Mzee anaishi kwa nani?"

"Kwangu," nikasema. "Mimi ni binti yake."

"Vizuri. Nahitaji kitambulisho chako chenye anwani hiyo."

Nikatoa leseni yangu kwa madaha. Akaisoma. Akaniangalia, akaisoma tena. "Dada, na wewe huishi hapo."

Foleni nzima ikacheka. Mtu nyuma akasema, "Basi nyumba hiyo haina mtu!" Wakacheka zaidi. Mimi sikucheka. Leseni yangu ilikuwa bado na anwani ya mume wangu, yule niliyemwacha miaka minne iliyopita. Miaka minne, na mama yangu karani wa leseni!

Baba naye hakucheka. Alinishika kiwiko, tukatoka, tukakaa kwenye benchi la nje.

"Hukubadilisha," akasema.

"Nilikuwa na kazi nyingi."

"Mm."

"Uvivu tu, baba."

"Mm." Alitoa gari moja la plastiki mfukoni, hutembea nalo, akalisukuma polepole juu ya goti lake. Alikuwa akifanya hivyo na wanafunzi wanaoogopa. Hakuuliza tena.

Basi nikasema. Nikamwambia kwamba kila nilipoishika ile fomu niliona kama nikiandika anwani mpya nimekubali mbele ya serikali kwamba nilishindwa ndoa. Kwamba ile leseni ikikaa vile, kuna mahali duniani pameandikwa bado nina mume na ua na mti wa ndimu. Nilijua ni upuuzi. Nilisema hivyo pia, kwamba najua ni upuuzi.

"Siyo upuuzi," baba akasema. "Na mimi nina vipandio vyangu tisa." Akarudisha gari mfukoni. "Basi mama, tuhame wote wawili."

Mama mwenye nyumba akaniandikia barua, bili ya maji ilikuwa kwa jina langu, picha nikapiga bila kuonyesha meno. Siku ya tano nikapata leseni yangu. Niliigeuza geuza njia nzima. Nilitegemea nitalia, kumbe nilisikia njaa tu.

Siku ya sita baba akapeleka yake. Dada wa miwani akasema kwa umri wake lazima apimwe macho. Baba ana miwani ya kuonea mbali, huificha mfuko wa ndani wa koti, anasema mwalimu mwenye miwani anamtia mwanafunzi hofu. Alisoma ubao wa herufi bila miwani, akaona mistari miwili. Wa tatu akaanza kubuni. "Mzee," dada akasema, "herufi hiyo haipo hata kwenye alfabeti." Baba akatoa miwani kwa uso wa mtu aliyekamatwa, akasoma mpaka chini. Wakaandika kwenye kumbukumbu: lazima avae miwani. Njoo kesho.

Kesho ndiyo siku ya saba. Tulifika ofisi inafunguliwa, mashine ya kuchapa kadi imekwama. Saa tatu imekwama, saa tano imekwama. Mimi nilishaanza kusema ovyo na mlinzi, mpaka baba akaniambia, "Klachi, mwanangu." Nikakaa. Saa nane na nusu kadi ikatoka, ina joto bado. Baba aliishika kwa kingo zake. Nilimwona akipasoma mahali palipokuwa na kumi na saba, midomo ikitikisika, kisha akaitia kwenye mfuko wa shati, upande wa moyo, akafunga kifungo.

Tulifika nyumbani saa tisa. Mimi nilipita, karani mpya aliyechelewa kazini, nikagombezwa, nikasimama nyuma ya cherehani. Baba akasimama mlangoni. Akavua kofia. Akatoa leseni.

Mama alianza na daftari. Akasoma alichoandika, akahesabu siku kwa ncha ya kalamu. Saba. Akapokea kadi.

"Namba nne," akasoma. "Mtaa wa Shule."

Akatoa kichwa, akaangalia juu ya mlango. Ukucha ukapita juu ya maandishi, mara moja, mara mbili. Hakikuinuka kitu. Akaigeuza kwenye mwanga wa dirisha langu. Mimi nilikuwa nimeshika gurudumu la cherehani kwa mikono miwili.

"Imeandikwa hapa lazima avae miwani," mama akasema. "Miwani iko wapi?"

Baba, jamani! Alijipapasa koti lote kabla ya kuipata. Akaivaa. Mama akalinganisha picha na uso, uso na picha. Kisha kitu fulani kikamkwaza. Akasoma tena anwani, safari hii kimyakimya.

"Hii anwani ni ya kwangu."

"Ndiyo, karani."

"Mimi naishi hapa."

"Ndiyo."

"Na wewe unaishi hapa."

"Naishi hapa."

"Tangu lini?"

"Siku thelathini na sita."

"Sheria inasema thelathini. Umezidisha sita."

"Nisamehe. Nilikuwa naogopa kuhama."

Mama alimtazama muda mrefu, na sikuona dirisha la tatu machoni mwake. Sitasema kwamba alimkumbuka, maana sijui, na sitaki kukudanganya. Nasema nilichokiona. Aliangalia ile kofia mkononi mwa baba, mabega yake, miwani iliyokaa upande.

"Kwa hiyo tunaishi pamoja," akasema.

"Tunaishi pamoja."

"Basi mbona umesimama nje, jamani?" Akasogeza kiti chake mwenyewe, akaufungua mlango mpaka mwisho. "Siku zote hizo! Ingia, ingia, utapigwa na baridi."

Ilikuwa joto, shati la baba lilikuwa limelowa jasho. Aliingia. Alikaa kwenye kochi juu ya sare za watoto, pini zote zile, wala hakutikisika. Mama akarudi kwenye kiti chake, akafungua daftari, akaandika.

Nilisoma alipolala. Chini ya kosa, chini ya zile siku saba, kwa mwandiko wake wa kazini ulionyooka ingawa mkono ulikuwa bado haujapona vizuri, alikuwa ameandika: Anwani imebadilishwa kihalali. Mwenye leseni hii ni mume wangu. Asizuiwe mlangoni tena.

Kesho yake saa saba baba akarudi kutoka shuleni. Akasimama mlangoni, akavua kofia, akafungua kifungo cha mfuko wa shati. Mama akamzuia kwa kiganja. Akashuka na kidole kwenye ukurasa wa jana mpaka mstari wa mwisho, akausoma, akamwangalia.

"Rudisha leseni yako mfukoni," akamwambia. "Chakula kinapoa."